Pinki ya Tangini

Mama Rangi aliigeuza ile sahani, akaigeuza tena, akaisogeza dirishani kwenye mwanga, kama mtu anayekagua jicho la samaki sokoni huku muuzaji anamwapia kwamba amevuliwa alfajiri. Vidoa vilikuwa pale pale. Vidogo, vya mviringo, vimetuna kidogo, na vyote pinki. Si wekundu wa damu, si rangi ya chungwa. Pinki ya ufizi wa mtoto anayeota jino.

"Na wewe umetoka wapi?" akakiuliza kimoja.

Kikanyamaza. Vijidudu havina adabu ya kuitika.

Kwa asiyeijua kazi ile, sahani hizo si za kulia. Ni vijisahani vya plastiki vyenye vifuniko, na ndani mna chakula cha vijidudu, kama uji ulioganda ukawa laini na kung'aa. Unachukua maji unayoyashuku, unayapaka juu ya uji ule, unafunika, unaweka kwenye kabati la joto. Kijidudu ambacho hata ukitumbua macho hukioni, kikishiba kinazaa, na watoto wake wanazaa, mpaka ukoo mzima unaonekana kama kidoa. Pasipo na kidoa, unaandika: safi. Hiyo ndiyo kazi aliyoifanya mama huyu tangu ujana wake katika maabara ya hospitali, chumba chenye meza ndefu ya vigae na bomba linalolia likifungwa. Aliupika uji ule mwenyewe, akapaka mwenyewe, akasoma mwenyewe. Jina la Mama Rangi alilipata kwa sababu ya zile dawa za kuwapaka vijidudu rangi ili waonekane kwenye hadubini. Vidole vyake vilikuwa vya zambarau siku zote, hata harusini alivificha chini ya mtandio, na watoto wa jirani waliamini kwamba amezaliwa hivyo.

Sasa, sahani hizi hazikutakiwa kuwepo. Desturi ya maabara ile ilikuwa unasoma siku ya pili. Kama hakuna kitu, unaandika safi, sahani zinaingia kwenye sufuria la mvuke, mchezo umekwisha. Ndivyo alivyofundishwa, ndivyo alivyofundisha wengine. Lakini kabati la joto lilikuwa limejaa, akaziegesha hizi kwenye rafu ya dirishani, halafu ukatokea msiba wa shangazi, akasafiri, akazisahau kabisa. Amerudi leo, amevaa koti lake jeupe, ameinua mkono kufuta vumbi kwenye rafu, na hii pinki inamtazama.

Akasoma maandishi ya ubavuni, mwandiko wake mwenyewe: bomba la wadi ya watoto njiti.

Akayasoma tena.

Wadi ile ni ya wale watoto waliozaliwa kabla ya wakati, wadogo hata ukiwapakata unaogopa kupumua. Wiki hizo wawili kati yao walikuwa wanapandisha homa, na Sista Mkuu, mwanamke mrefu mwenye viatu visivyotoa mlio, alikuwa anawaogesha kwa maji ya kuchemsha na kumtilia shaka kila mtu, kuanzia mfagiaji hadi daktari. Alikuwa amesema mbele ya watu, na hakurudia, kwa sababu hakuwa na haja ya kurudia:

"Tangi la juu linawekwa dawa kila wiki, ndivyo ninavyoambiwa. Nikijua kwamba haliwekwi, huyo fundi atoke getini kabla sijamfikia."

Na huyo fundi, Fundi Bomba wanayemwita, ni mdogo wake Mama Rangi. Tumbo moja, ziwa moja. Mama yao alipofariki yeye ndiye aliyemlea, akamlisha, akamchapa inapobidi. Alimjua mpaka ndani ya kucha. Alijua kwamba yule mtoto, ukimwambia nenda kaoge, alikuwa anaingia bafuni, analowesha miguu, anapiga mluzi kidogo, anatoka. "Nimeoga dada." Ukimtazama miguu, kweli imelowa. Ukimshika shingo, vumbi la jana.

Basi mtu wa namna hiyo ndiye aliyepewa ngazi na dawa ya tangi.

Wahenga walisema kikulacho ki nguoni mwako. Mama Rangi alizifunga zile sahani kwenye gazeti, akafungua friji, akazisukuma nyuma ya chupa za dawa. Hakujua kwa nini. Mkono ulienda wenyewe. Alipogeuka, mkuu wa maabara alikuwa amesimama mlangoni, yule waliyemwita Mzee Miwani, ingawa umri wao ulilingana.

"Mama, friji lina nini leo mpaka limepata mlinzi?"

"Hamna kitu."

"Pole na msiba."

"Asante."

"Tumewazika shangazi wengi hapa duniani," akasema Mzee Miwani, akivua miwani na kuifuta kwa ncha ya shati, "lakini sijaona msiba unaomfanya mtu aegemee friji."

Akasubiri. Alikuwa na ugonjwa huo, wa kusubiri. Mama Rangi akahimili kidogo, kisha akatoa gazeti, akalifungua mezani. Mzee Miwani akainama mpaka pua ikakaribia kifuniko. Akavaa miwani, akavua tena.

"Umeziacha muda gani?"

"Tangu niondoke."

"Kwa hiyo ni wavivu hawa. Wanachelewa kuota." Akakaa kwenye stuli. "Tumekuwa tunatupa sahani kabla wageni hawajafika. Mwaka mzima tunaandika safi, mimi na wewe." Alilisema bila ukali, na ndiyo maana liliuma. "Nimewasoma vitabuni, wapo wa namna nyingi wenye rangi hii. Wengine wa majanini, wengine wa vumbini, wengine wanapenda mabomba. Kwanza tumjue ni nani, ndipo tumlaumu mtu."

"Wapo wanaovumilia dawa ya tangi?"

"Wapo. Na wapo ambao ikiwagusa tu, buriani." Akamtazama. "Fundi ni mdogo wako, au nimekosea?"

"Ni mdogo wangu."

"Haya. Anza kazi."

Akaanza. Alichoma waya wake wa kitanzi kwenye moto mpaka ukawa mwekundu, akauacha upoe, akagusa kidoa kimoja kwa ncha, akakichora kwenye uji mpya, mistari ya kwenda na kurudi kama mtu anayelima matuta, ili vijidudu vitawanyike na kila kimoja kianzishe boma lake. Siku zilivyopita, pinki ikaota peke yake, haina mgeni ndani yake. Akaipaka kwenye kioo, akaipitisha kwenye moto, akaimwagia rangi ya zambarau, iodini, spiriti ya kuosha, kisha nyekundu. Kwenye hadubini akaona vijiti vifupi vyekundu, vinene, vimelala ovyo kama kuni zilizomwagwa. Akavidondoshea ile dawa ya kuoshea vidonda, vikatoa povu. Akaweka sahani moja kwenye joto la mwili wa mtu, nyingine kwenye ubaridi wa chumba. Ile ya joto ikanuna, ya ubaridi ikastawi.

Kisha Mzee Miwani akamwambia ajaribu kuwalisha spiriti iliyozimuliwa kwa maji, bila chakula kingine.

"Spiriti? Watakufa."

"Wajaribu."

Wakaila. Si kuila tu, walinawiri.

"Nimeishi na walevi wawili," akasema Mama Rangi, "marehemu mume wangu na kaka yake. Hakuna aliyenenepa hivi."

Mzee Miwani akacheka, lakini yeye hakucheka naye. Alikuwa anakitazama kile kijidudu jinsi unavyomtazama mtu aliyekuja kuposa: anakula nini, analala wapi, anavumilia nini, na ukoo wake tunaujua? Kila jibu lilikuwa linamsogeza karibu na swali moja tu aliloliogopa. Pinki hii ikitiwa kwenye dawa ya tangi, kwa kipimo kile kile, itakufa au itaishi? Ikifa, basi tangini hamna dawa, na mdogo wake ni mwongo. Ikiishi, basi huenda mtu ameweka dawa kila wiki kwa haki na pinki imekaa tu, inamtazama.

Jumapili akaenda kwa mdogo wake bila taarifa. Hakuwa na la kusema. Alikwenda kuona.

Wifi yake alikuwa uani, anaanika. Alikuwa anafulia watu kwa malipo, na siku ile kamba zote zilikuwa zimejaa mashuka, meupe, yanaumiza macho. Mama Rangi akasimama kati yake kama mtu aliyepotea kwenye wingu. Akavuta pumzi. Sabuni. Jua. Na nyuma ya sabuni, kitu kinachochoma kidogo puani, kama dawa ya tangi.

"Karibu wifi," akasema yule mke, pini za kuanikia zimemjaa mdomoni. "Leo umekuja mikono mitupu na macho yamejaa."

"Nimepita tu. Mashuka yako yanang'aa, wifi. Unatumia nini?"

"Mikono yangu."

"Mikono tu?"

Yule mwanamke akatoa pini mdomoni, moja moja. "Na dawa ya kung'arisha, ya dukani. Unataka nikuoneshe chupa, au utaipeleka kwanza hospitali ikapimwe?"

Kabla Mama Rangi hajajibu, akaliona pipa. Pipa la bluu lenye kifuniko cha kuzungusha, liko chini ya mfereji wa bati, na ubavuni bado lina ile alama ya fuvu na mifupa. Lilikuwa la aina ile ile ya mapipa ya dawa ya tangi yanayokaa stoo ya hospitali. Mdogo wake akatokea mlangoni na fulana, anapiga mswaki, akamkuta dada yake ameinamia pipa.

"Dada, unanusa nini? Umekuwa paka?"

"Hili limetoka wapi?"

"Kazini. Dawa ikiisha wanayatupa. Nalisuuza, nakinga maji ya mvua."

"Ikiisha."

"Ikiisha, dada." Akatema povu. "Kuna nini?"

"Sijasema kitu."

"Ndiyo maana naogopa. Wewe ukipiga kelele najua umenisamehe. Ukinyamaza, kuna nyumba inaungua."

Wakanywa chai. Wakaongea habari za msiba, nani alikuja, nani alilia kwa sauti kuliko uchungu wake. Lakini kila alipoinua kikombe, Mama Rangi alikuwa anayatazama maji ya chai yenyewe, na kila alipokishusha, wifi yake alikuwa anamtazama yeye. Alipoondoka, hakuna aliyemwambia apite tena.

Jumatatu Mzee Miwani alimkuta ameshapanga kila kitu: chupa tatu za maji safi. Moja ya pinki na dawa. Ya pili ya kijidudu cha kawaida cha tumboni, kile kinachojulikana kwamba dawa inakiua, na dawa ile ile, ili wajue dawa yenyewe si butu. Ya tatu ya pinki bila dawa, ili wajue kwamba pinki yenyewe haikufa kwa sababu nyingine. Bomba la kioo la kupimia matone lilikuwa mkononi mwake tayari.

"Lete," akasema Mzee Miwani.

"Nimefanya hii kabla wewe hujajua mlango wa maabara uko wapi."

"Najua. Lete, mama. Dawa nitapima mimi."

Mama Rangi alisikia uso unawaka moto. Miaka yote ile, hakuna aliyewahi kumnyang'anya bomba mkononi. Akalitoa. Na hapo hapo, chini ya ile hasira, akasikia kitu kama mzigo unashushwa kichwani, kwa sababu usiku kucha alikuwa anajiuliza kama kidole chake kingemsaliti. Tone likipungua kidogo tu, pinki inaishi, na mdogo wake anaendelea kula. Nani angejua? Hata yeye mwenyewe asingejua. Mkono ule ule ndio uliozificha sahani kwenye friji bila kumwomba ruhusa.

Mzee Miwani akapima kwa macho madogo. Wakasubiri muda ule ambao maji hukaa tangini kabla ya kushuka mabombani. Wakaiua nguvu ya dawa ili isiendelee kufanya kazi sahanini, wakapaka, wakafunika. Mzee akafunga kabati kwa ufunguo na kuutia mfukoni.

"Hata mimi sijiamini," akasema. "Usijisikie vibaya."

Kungoja vijidudu wavivu ni kazi kuliko kazi. Sista Mkuu alikuwa anakuja kila siku kuuliza, na viatu vyake visivyosikika, unageuka tu yuko nyuma yako.

"Bado?"

"Bado, Sista."

"Homa zimeshuka tangu tuchemshe maji. Unajua maana yake?"

"Inaweza kuwa maji. Inaweza kuwa homa zilikuwa za kushuka."

"Unaongea kama mtu anayemtetea mtu."

"Naongea kama mtu anayengoja sahani."

Sista akamtazama vidole, vile vya zambarau, akaondoka.

Siku ya kufungua, walisimama wote wawili mbele ya kabati kama wageni mlangoni pa mwenye nyumba mkali. Sahani ya kijidudu cha tumboni ilikuwa tupu, inang'aa. Dawa ilikuwa kali. Sahani ya pinki isiyotiwa dawa ilikuwa imejaa kila mahali. Ya mwisho, pinki iliyotiwa dawa, Mzee Miwani aliinyanyua taratibu, akainamisha kifuniko.

Pinki. Wachache kuliko wale wengine, lakini wapo, wametuna, wamekaa raha mustarehe.

"Wanaishi," akasema Mzee. "Dawa ya tangi inawapunguza tu. Wanajificha kwenye utelezi wa mabomba, wanangoja." Akashusha pumzi. "Mdogo wako amepona."

Mama Rangi aliitazama sahani mpaka Mzee akashangaa.

"Mbona hufurahi?"

"Hii inasema kwamba hata angeweka dawa, pinki ingekuwepo."

"Ndiyo."

"Haisemi kwamba aliweka."

Mzee Miwani akakaa. "Hapana," akasema. "Hiyo haisemi. Hiyo sahani haijui kupanda ngazi." Kisha, kwa upole: "Lakini mtu hafukuzwi kwa pinki hii, mama. Na mimi nitaandika ninachokiona, si ninachokiota."

Akaandika. Tangi likaamriwa limwagwe, lisuguliwe kwa brashi, vichujio vya midomo ya mabomba ving'olewe na kuchemshwa. Sahani za maji zisitupwe tena siku ya pili, zingojewe wavivu wafike. Na dawa, kuanzia sasa, iwekwe mbele ya shahidi kutoka maabara. Sista Mkuu akakubali, ila akataka kujua shahidi ni nani. Alipoambiwa ni Mama Rangi, akacheka kicheko kifupi cha puani.

Mdogo wake alikuja maabara siku hiyo hiyo, na ovaroli yenye utelezi wa tangi mpaka kifuani. Akasimama kizingitini, kwa sababu alijua hairuhusiwi kuingia na uchafu.

"Mzee Miwani ameniambia nije nikushukuru."

"Kwa nini?"

"Eti kipimo chako kimeniokoa." Akafuta uso kwa mkono, akajichafua zaidi. "Sikujua kama nilikuwa nazama."

"Yalikuwa ni maji, nilikuwa napima maji."

"Na Jumapili? Ulikuja kupima maji ya mvua?"

Mama Rangi akashika ukingo wa meza. Angeweza kumuuliza pale pale: uliweka, mdogo wangu, au hukuweka? Lakini alijua kwamba, ameweka au hakuweka, jibu litakuwa lile lile, nimeweka dada, na uso ule ule.

"Asante, dada," akasema Fundi, kama mtu anayerudisha sufuria la kuazima. Akaondoka, akaacha alama mbili za matope kizingitini.

Siku ya kuweka dawa, wakapanda wote wawili. Ngazi ya chuma ilikuwa imesimama wima ukutani, na Mama Rangi, na umri wake na magoti yake, alipanda akisoma dua za utotoni. Juu kulikuwa na upepo, paa za hospitali chini yao, kamba za kuanikia za wadini, watu wadogo wakipita na mabeseni. Fundi akafungua kifuniko cha tangi. Harufu ya saruji iliyosuguliwa ikatoka. Maji mapya yalikuwa meusi mle ndani, si kwa uchafu, kwa kina.

Akapima dawa kwa kikombe chake, akakiinua mpaka usawa wa macho ya dada yake, akakishikilia hapo muda mrefu kuliko ilivyohitajika.

"Umeona?"

"Nimeona."

"Sawa na siku zote," akasema.

Akamimina. Dawa ikaingia kama wingu la maziwa, ikajikunja, ikatanda, ikashuka polepole ikitafuta kona. Walikuwa wameinama wote wawili, vichwa vinakaribia kugusana, kama walivyokuwa wakiinama zamani juu ya kisima kusikiliza mwangwi wao.

"Dada," akasema Fundi bila kuinua uso. "Majibu yalipotoka, ulifurahi au ulishangaa?"

Wingu likaanza kupungua. Likawa ukungu, likawa kivuli, kisha hata kivuli hakikuwepo. Maji yakawa maji. Ungemleta mtu pale wakati huo, ukamuuliza kama kuna chochote kimemwagwa humo, asingejua la kusema.

Fundi akangoja kidogo, akafunga kifuniko, akakaza.

"Tangulia," akasema. "Mimi nashika ngazi."

Ngazi ile haishukwi ukitazama mbele. Mama Rangi akageuka, akaupa ukuta uso, akateremsha mguu mmoja hewani kutafuta chuma. Akiwa anautazama mguu, hakuweza kuiona mikono ya mdogo wake. Ngazi ikatikisika. Akasimama, akasikiliza. Ikatulia, naye akateremsha mguu wa pili.